Moyo Kusimama Ghafla: Kinachomwangusha Mchezaji Bila Kuguswa

Tarehe 26 Juni 2003, dakika ya 72 ya nusu fainali ya Kombe la Mabara kati ya Cameroon na Colombia, kiungo Marc-Vivien Foé alianguka katikati ya uwanja wa Gerland mjini Lyon. Hakukuwa na mpinzani karibu yake. Alikuwa na miaka 28, na hakuamka tena.

Hiyo ndiyo sura ya moyo kusimama ghafla. Ni hitilafu ya umeme. Kila pigo la moyo huanzishwa na umeme mdogo unaopita kwenye misuli yake kwa mpangilio. Mpangilio huo ukivurugika, vyumba vya chini vya moyo hutetemeka tu, havisukumi damu. Ubongo ukikosa damu sekunde chache, fahamu zinapotea. Watangazaji wengi wa mpira huita hali hii mshtuko wa moyo, lakini mshtuko ni jambo jingine: mshipa unaolisha moyo umeziba, na mara nyingi mgonjwa bado anaongea, analalamika kifua kinambana. Mshtuko nao unaweza kuusimamisha moyo, ila kwa kijana wa miaka ishirini na kitu chanzo mara nyingi huwa kingine. Foé alikutwa na misuli ya moyo iliyonenepa kupita kiasi, ugonjwa ambao aghalabu hurithiwa. Wengine huzaliwa na mishipa ya moyo iliyokaa vibaya. Wengine misuli ya moyo imevimba kwa sababu ya virusi. Wengine moyo ukiutazama ni mzima kabisa, kasoro iko kwenye umeme wake.

Si wanapimwa kabla ya kusajiliwa? Wanapimwa, na Italia sheria inalazimisha tangu 1982. Lakini kipimo cha leo hakisemi habari za miaka mitano ijayo. Chama cha soka cha Uingereza, FA, kilipima vijana 11,168 wa akademi kati ya 1996 na 2016. Waliokutwa na magonjwa ya moyo yenye hatari walikuwa 42. Baadaye vijana 8 kati ya wote waliopimwa walikufa ghafla kwa maradhi ya moyo, na 6 kati ya hao 8 vipimo vyao vilikuwa vimetoka safi. Walipimwa wakiwa na miaka kama 16, na baadhi ya magonjwa haya hujitokeza baada ya umri huo.

Kwa hiyo mimi huangalia zaidi kinachofanyika ndani ya dakika za mwanzo. Aliyeanguka bila kugongana na mtu, haitikii, achukuliwe kuwa moyo umesimama. Anaweza kurusha miguu kama mwenye kifafa, au kukoroma kwa kuvuta hewa mara mojamoja. Huko si kupumua. Kwenye viwanja vyetu hapo ndipo watu humzingira, wakampepea, wakammwagia maji, mmoja akahangaika kuvuta ulimi eti asiumeze. Ulimi haumezwi. Anachohitaji ni kukandamizwa katikati ya kifua, kwa nguvu, mara 100 hadi 120 kwa dakika, huku mwingine akikimbilia mashine ya kushtua moyo, ile inayopitisha umeme kifuani ili moyo urudi kwenye mpangilio wake. Kila dakika inayopita bila kukandamizwa kifua wala mashine hiyo hupunguza uwezekano wa kupona kwa asilimia 7 hadi 10.

Fabrice Muamba, mzaliwa wa Kinshasa aliyekuwa kiungo wa klabu ya Bolton ya Uingereza, alianguka White Hart Lane, uwanja wa Tottenham, tarehe 17 Machi 2012 katika robo fainali ya Kombe la FA. Daktari bingwa wa moyo, Andrew Deaner, alikuwa jukwaani kama shabiki wa Tottenham; akashuka kusaidia. Muamba alishtuliwa kwa mashine mara 15, na ilipita dakika 78 kabla moyo haujapiga tena wenyewe. Kazi ya kukandamiza kifua haikukatizwa muda wote huo. Alipona, akastaafu soka Agosti mwaka huohuo.

Christian Eriksen, kiungo wa Denmark, yeye alirudi uwanjani. Baada ya kuanguka mjini Copenhagen tarehe 12 Juni 2021, Denmark ikicheza na Finland, alipandikizwa kifuani kifaa kinachoushtua moyo chenyewe ukivurugika. Italia haikumruhusu kucheza nacho, ikabidi aachane na klabu yake ya huko, Inter. Uingereza ilimruhusu: Januari 2022 akasaini klabu ya Brentford, na mwishoni mwa mwaka huo alikuwa Qatar kwenye Kombe la Dunia.