Giza la Bure, Ukimya wa Kununua

Watu wakisikia mimi ni prodyuza wa filamu za kutisha, huniuliza kwanza: shetani mnamtengeneza vipi? Hatumtengenezi. Pesa hizo hatuna. Filamu yangu ya mwisho tuliipiga usiku saba, watu tisa, kwenye nyumba ya kuazima Mkoani, Pemba, na shetani wetu hakuonekana hata mara moja.

Nilikuwa mdogo, Unguja, mwaka 1995, shetani waliyemwita Popobawa alipovuma Pemba kisha akavuka huku kwetu. Majirani walitoa mikeka nje wakalala kwa makundi. Sura yake kila mtu aliieleza kivyake. Kilichotutia hofu ni bati kugongwa, na mtu kupiga ukelele nyumba ya tatu. Basi hata leo bajeti yangu naianzia kwenye sauti, kamera huazimwa.

Giza nalo hatulinunui. Umeme kutoka bara ulipokatika, Disemba 2009 hadi Machi 2010, Unguja tulikaa miezi mitatu na kandili, na nikaona jinsi mwanga mmoja mdogo unavyouonesha uso na kukificha kila kilicho nyuma yake. Mpaka sasa ndiyo mpango wangu wa taa.

Ukimya ndio ghali. Mchana kuna kunguru, hawa walioletwa kutoka Bara Hindi miaka ya 1890, na mimi aliyewaleta sijamsamehe. Usiku kuna bodaboda na majenereta. Adhana tunaisubiri imalize, hiyo haina mjadala. Kwa jenereta huenda mwenyewe kwa jirani, mapema, na shikamoo yangu: "Mzee, naomba uzime kwa muda wa saa mbili tu." Nimewahi kulipia petroli isiyochomwa.

Halafu makaratasi. Mwaka 1968 mwongozaji wa Marekani, George Romero, na wenzake walitoa filamu ya kutisha, *Night of the Living Dead*. Jina lilibadilishwa kabla ya kutoka, na kwenye jina jipya ile alama ya hakimiliki ikasahauliwa. Kwa sheria ya Marekani ya wakati ule filamu ikawa mali ya kila mtu. Wengi wameiuza bila ya kuwalipa waliotoka jasho. Kwa hivyo kwangu kila mtu anatia saini kabla kamera haijafunguliwa: muigizaji, mpiga muziki, mwenye nyumba.

Bi mkubwa wa Mkoani alitia yake, akaongeza sharti la mdomo: ndani ya nyumba yake lisitajwe jina la shetani yeyote. "Mkimwita akaja, nyinyi mtapanda meli mwende zenu. Mimi je, mwanangu?"

Sikuwa na jibu. Usiku ule ule tukalifuta jina kwenye skripti yote, tukaweka "yule". Siku ya kuionesha, kila "yule" aliposemwa, watu wa viti vya mbele waligeuka kutazama mlangoni.