Idhini haiombwi kwenye arosto

Vijana wanaotaka kutengeneza filamu kuhusu waraibu wa unga, yaani heroini, huniuliza kwanza natumia kamera gani. Mimi huwauliza: huyo mtu ulimwomba idhini akiwa katika hali gani?

Heroini ikianza kwisha mwilini huja arosto: makamasi, miayo, jasho, kuharisha, mifupa kuuma hadi mtu hakai wala halali. Mwekee fomu na noti ya elfu kumi, atasaini. Mwambie filamu itaonyeshwa mtaani kwao, bado atasaini. Karatasi hiyo inakulinda wewe tu, na ile noti inaishia kwenye kete, kile kifurushi kidogo cha unga.

Kwa hiyo mimi naanzia kliniki ya methadoni, dawa inayotolewa badala ya heroini, si maskani wanakokutania watumiaji. Hospitali ya Muhimbili, Dar es Salaam, ilianza huduma hii Februari 2011, na sasa ipo katika mikoa kadhaa. Kwa kawaida mgonjwa hunywa dawa ya maji mbele ya mhudumu kila siku, hata sikukuu. Wiki za mwanzo kipimo hupandishwa taratibu. Kikishakaa sawa, dozi moja humvusha siku nzima bila arosto na bila kulewa. Hapo mnaweza kuzungumza, akakuhoji, akakukatalia. Akikubali, namwomba tena baada ya kumwonyesha filamu iliyokwisha kuhaririwa, maana ndipo anapojiona kama mama yake atakavyomwona. Wapo wanaojitoa hapo. Nawaondoa, hata filamu ikibaki na pengo.

Sindano sirekodi kabisa. Watazamaji ninaowajali zaidi ni walioacha, na kuona tu kete au bomba la sindano kunatosha kuwaamshia hamu. Isitoshe, sindano haielezi kwa nini huyu anadumu kwenye dawa na yule anapotea. Mara nyingi kinachoamua ni nauli ya daladala ya kwenda kliniki na kurudi, kila siku, kwa mtu asiye na kazi. Hiyo ndiyo narekodi: mama anahesabu sarafu alfajiri, kijana anatembea kwa miguu toka Mbagala.

Kufifisha uso hakutoshi. Jirani anamjua mtu kwa sauti, kwa kovu, kwa mlango uliopo nyuma yake. Halafu kuna sheria ya Tanzania ya mwaka 2015: kukutwa na dawa za kulevya ni kosa, na picha zako ghafi zinaweza kugeuka ushahidi dhidi ya mtu aliyekuamini. Aliyeshika mzigo mkononi simrekodi.

Na tafadhali, msifunge filamu siku mtu anapotoka soba hausi, nyumba ya kuachia unga, akiwa na cheti na keki. Kurudia unga ni jambo la kawaida katika ugonjwa huu, na miezi ya mwanzo ndiyo ya hatari: mwili umeshapoteza uzoefu wa unga, kiasi kile kile cha zamani kinaweza kumuua. Kwenye bajeti yangu natenga fedha za kurudi kwake baada ya mwaka, kuwe na kamera au kusiwe.