Miroslav Hájek na sekunde moja ya ziada

Wahariri wa filamu hawana mashabiki. Jina letu hupita mwishoni watu wakiwa wameshainuka vitini. Ndiyo maana leo namwandika Miroslav Hájek (1919–1993), Mcheki wa studio za Barrandov, Prague. Ndani ya miaka michache ya 1960 alizihariri, yaani alizikata na kuziunga, kazi za Forman, Němec, Chytilová na Vláčil, waongozaji wasiofanana hata chembe.

Chukua Lásky jedné plavovlásky ya Miloš Forman (1965). Tuko ukumbi wa dansi. Wanajeshi watatu, watu wazima, wanawawinda wasichana wa kiwandani. Mmoja anavua pete ya ndoa kwa siri, inamponyoka na kubingirika sakafuni, naye anaikimbilia huku akitambaa. Hájek hana papara. Anatupa uso wa mwanamume, anatupa uso wa msichana, na kila uso anauacha sekunde moja zaidi ya pale ambapo wengi wetu tungekata kwenda picha nyingine. Kicheko kimekaa kwenye sekunde hiyo. Forman alipenda kutumia watu wasio waigizaji wa kazi, na mtu wa aina hiyo akishamaliza maneno yake, ndipo uso unapoanza kusema.

Mwaka mmoja kabla, katika Démanty noci ya Jan Němec, mkono huohuo ulifanya kinyume kabisa. Vijana wawili wametoroka treni inayowapeleka kambi ya mateso ya Wanazi. Mmoja anaingia nyumba ya mkulima, mwanamke yumo jikoni, mkate upo. Kijana anamshambulia, mama anaanguka. Mara yuko wima, hajaguswa. Anaanguka tena. Picha haififii, muziki haupigwi kutuonya kwamba hayo ni mawazo. Mimi wateja wangu hunilazimisha niweke ukungu pembeni mwa picha kila mhusika anapowaza! Hájek alijua kwamba mwenye njaa haoni ukungu wowote.

Kisha Sedmikrásky ya Věra Chytilová (1966): kofi moja linapigwa, msichana anaanguka kutoka picha isiyo na rangi na kutua kwenye bustani ya rangi tele. Baadaye wasichana hao wanakatana kwa mikasi hadi skrini yenyewe inakuwa vipandevipande. Ikumbukwe kwamba enzi hizo mkanda ulikatwa na kuunganishwa kwa mkono, fremu (picha moja moja) 24 kwa kila sekunde.

Majeshi ya Mkataba wa Warsaw (muungano wa kijeshi wa Usovieti na washirika wake) yalipoivamia Chekoslovakia Agosti 1968, wimbi lile jipya la filamu za Chekoslovakia, la akina Forman na wenzake, lilivunjika. Forman akaishia Marekani. Filamu yake Hoří, má panenko, ambayo pia ilihaririwa na Hájek, ikafungiwa nyumbani.

Anayetaka kuanza, aanze na Démanty noci. Haifiki dakika 70, na maneno yake ni machache kiasi kwamba hata bila tafsiri utaifuata. Ukifika jikoni, hesabu mikato.