Umepata oda ya korti kuhusu shamba lako, sasa mbona OCS (mkuu wa kituo cha polisi) hasaidii?

Hili swali tunaulizwa karibu kila wiki kwa dawati la msaada wa kisheria hapa Kenya. Mtu amevamiwa ploti, mabati yameng'olewa na vijana wa kukodiwa, anakimbia kituoni anaambiwa "hiyo ni kesi ya madai, nenda kortini". Kusema ukweli hapo polisi hawajakosea kabisa, kwa sababu si kazi yao kuamua nani ni mwenye shamba, hiyo ni ya Korti ya Mazingira na Ardhi, au ya hakimu kama thamani ya mali iko ndani ya uwezo wake (hakimu mkuu anafika shilingi milioni 20). Lakini kupigwa, kutishwa na panga, kuvunjiwa nyumba au kuingia kwa nguvu ni jinai, na hiyo lazima waandike kwa OB (kitabu cha matukio cha kituo) hata kama kesi ya ardhi haijafika popote. Chukua ile namba, utaihitaji kwa afidaviti yako (maelezo yako ya kiapo).

Sasa ukienda kortini kuomba zuio chini ya Oda 40 ya kanuni za kesi za madai, wengi wanaomba tu mpinzani azuiwe kuingia ama kujenga, halafu wanafikiri polisi watakuja wenyewe. Hawaji. Omba wazi kwenye ombi lako kwamba OCS wa kituo fulani, taja kituo chenyewe, asimamie utekelezaji wa oda na kudumisha usalama, na uoneshe kwa nini, weka picha, OB, ripoti ya hospitali, meseji za vitisho, maana jaji hawezi kutuma polisi kwa sababu tu wewe unaogopa. Kama kuna tingatinga tayari kwa geti basi peleka na cheti cha dharura (karatasi ya kuomba usikizwe haraka), korti inaweza kukusikiza kabla hata mwenzako hajaitwa.

Na hapa ndio watu hulala. Oda uliyopata bila upande wa pili kusikizwa ni ya siku 14 tu, haizidi, inaweza kuongezwa mara moja tena kwa siku zisizozidi 14, na una siku 3 kumfikishia mpinzani oda pamoja na makaratasi yote ya kesi. Usipofanya hivyo oda inakufa yenyewe, si lazima mtu aende kuifuta, halafu wewe unaipeperusha pale kituoni ukidhani bado ina nguvu.

Kitu kingine kinasumbua sana ni oda ya "hali ibaki ilivyo". Ilivyo lini? Yule aliyeingia jana usiku na kuweka ua atasema hali ndio hiyo, yeye yuko ndani, na OCS hapo atashindwa afuate nani. Mwambie wakili aombe korti iandike nani anakaa kwa shamba na tangu tarehe gani, aya moja tu inakuokoa.

Ukishapata oda, peleka nakala yenye muhuri wa korti kituoni na barua, nakala yako igongwe muhuri wa kupokelewa. Wakikuambia leta pesa ya mafuta, hapana, huduma haiuzwi, panda kwa kamanda wa polisi wa kaunti ndogo, na ikishindikana IPOA (mamlaka huru ya kusimamia polisi) inapokea malalamiko bure. Mpinzani akikaidi usiende na ndugu zako kumtoa, mtashikwa nyinyi, rudi kortini. Mwenye kuvunja zuio anaweza kufungwa mpaka miezi 6 na mali yake kushikiliwa.

Halafu kesi isipoisha ndani ya miezi 12 zuio nalo linaisha, isipokuwa korti iseme vinginevyo kwa sababu ya kutosha, kwa hivyo zuio likifika mwezi wake wa kumi hivi muulize wakili wako kama ameshaomba liongezwe.