Krispi ya matunda ni kitu gani hasa

Krispi ya matunda ni dizati ya kuoka yenye tabaka mbili tu, chini kuna matunda yaliyokatwakatwa yakatiwa sukari, juu kuna chenga za unga, oti, sukari na siagi, alafu inaingia kwa ovena mpaka matunda yalainike na hizo chenga zikauke ziwe za kutafuna kra kra. Hakuna mayai, hakuna bekin pauda, hakuna kusukuma unga vile pai inataka, na haifuri kama keki so hakuna kitu ya kuanguka katikati. Waingereza wana ndugu yake wanaita krambo, ambayo kwa kawaida haina oti, lakini siku hizi kila mtu anachanganya na mimi sioni haja ya kugombana.

Kinachoifanya iwe krispi ni ile juu, sio tunda. Watu wanasoma risipi za Marekani wanaona tofaa basi wanakimbilia matofaa ya Afrika Kusini ya bei, na huku Kisumu pale soko la Kibuye nanasi na maembe yamejaa, na ukiwa Nakuru msimu wa plamu ukifika unazipata kwa ndoo. Plamu kwangu ndio namba moja kwa sababu ina uchachu. Embe ni tamu tupu, ikamulie ndimu, na uchague lile bado gumu kidogo la sivyo utakula uji. Nanasi lina maji mengi sana, lichuje kwanza kisha uchanganye na kijiko cha konflawa ndio ile supu ishikane.

Sasa hapo juu ndio kuna kazi. Kwa kilo moja hivi ya matunda, kikombe cha unga, kikombe cha oti za kawaida za uji, nusu kikombe cha sukari na nusu ya ile pakiti ya siagi ya gramu 250. Ukiwa upande wa Kakamega kwaruza sukari nguru utumie badala ya ile nyeupe, ladha inakuwa nzito na mdalasini hata hauhitaji. Siagi lazima iwe baridi, uifikiche na unga kwa ncha za vidole mpaka zibaki chenga, zingine kubwa zingine ndogo, kwa sababu siagi ikiyeyuka kabla ya ovena yote inakuwa donge moja na ikiiva inatoka ngumu kama tofali. Nakuru na ile baridi yake huwezi pata shida, lakini Kisumu saa nane mchana siagi inakuyeyukia mkononi, so ukimaliza weka bakuli kwa friji kidogo kabla ya kumwaga juu ya matunda. Mwaga tu, usishindilie.

Moto ni digrii 180, dakika 40 hivi, na usiangalie saa peke yake. Imeiva ukiona juu imekuwa ya kahawia na ile supu inachemka kando kando, ikiwa nzito. Usipoona ikichemka rudisha, konflawa haishiki mpaka ipate moto wa kuchemka.

Huna ovena? Sufuria na makaa inawezekana, ila ujue adui ni mvuke. Matunda yanatoa mvuke, unagonga mfuniko, unarudi kama matone juu ya chenga zako na hapo krispi imeisha. Kwa hivyo makaa mengi yakae juu ya mfuniko na chini yawe machache, mfuniko ukiwa moto sana matone hayashiki, na dakika za mwisho uusogeze kidogo mvuke utoke.

Ikitoka usiichote mara moja hata kama watoto wanalia. Ipe kama dakika 15, sukari ya juu inakauka ikipoa na ndio ile kra kra inakuja. Kula bado ina joto, na kastadi au aiskrimu ya vanila. Iliyobaki ipashe kwa ovena au kwa sufuria kavu bila mfuniko, maikrowevu inalainisha ile juu yote.