Maji au chumvi? Kwa nini Wacherokee wanaihitaji kamera

Kila muhula, katika somo langu la fasihi simulizi, hufika siku ninapoandika ubaoni alama mbili tu: ᎠᎹ. Husomwa "ama". Nawaambia wanafunzi kwamba kwa Kicherokee, lugha ya Wacherokee ambao ni Wenyeji wa Marekani, hayo ni maji. Wakishaandika, nawaambia ni chumvi vilevile. Mzawa wa lugha hachanganyi hata siku moja, kwani urefu wa irabu na toni (kupanda na kushuka kwa sauti) humjulisha lipi ni lipi. Maandishi hayaonyeshi hata kimoja kati ya hivyo viwili.

Ndiyo maana nawasahihisha wanaodhani Wacherokee wanakimbilia filamu kwa kukosa maandishi. Sequoyah, mtu asiyejua kusoma Kiingereza, alikamilisha mfumo wao wa alama za silabi mwaka 1821. Kufikia 1828 walikuwa na gazeti lao, Cherokee Phoenix, likichapwa New Echota, Georgia, miaka kumi tu kabla ya kuswagwa kwa nguvu kuelekea magharibi, katika safari iliyoua maelfu. Alama zinazotumika leo ni 85. Wanachokosa ni watu wa kuzitamka: mwaka 2019 mabaraza ya makabila yao matatu yalitangaza hali ya dharura ya lugha, wasemaji waliozaliwa nayo wakiwa wamebaki kama 2,000.

Mwanaisimu Mcherokee Durbin Feeling alijaribu kuiba sauti na kuifunga kwenye karatasi. Katika kamusi yake ya 1975 toni zimewekewa tarakimu. Naiheshimu mno kazi ile. Lakini tarakimu haimtazami mtoto usoni, wala hainyamazi pale hadithi inapotaka kimya.

Chukua ngano yao ya moto wa kwanza. Ulimwengu ulikuwa baridi, na moto uliwekwa na radi ndani ya shina la mti wenye uwazi, kisiwani. Kunguru akaenda, akarudi mweusi kwa kuungua. Bundi wakaenda, wakarudi na miduara myeupe ya majivu machoni. Nyoka nao wakashindwa. Mwisho akajitokeza buibui wa majini, akasokota uzi wa mwili wake, akafuma kibakuli kidogo, akakibeba mgongoni, akavuka na kurudi na kaa moja la moto. Kwenye kitabu, hiyo ni kurasa mbili. Mdomoni mwa fanani, kile kibakuli hufumwa kwa vidole mbele ya macho yako, na kila mnyama anayeshindwa huongeza baridi chumbani. Sisi tuliolelewa na "hadithi njoo" hatuhitaji kuelezwa zaidi.

Kamera hushika hayo, ila inategemea iko mkononi mwa nani. Kwa miongo mingi Hollywood iliwapiga picha Wenyeji wa Marekani wakisema maneno yaliyobuniwa na wengine, mara nyingi bila lugha yoyote ya kweli ndani yake. Ninachokipenda katika Osiyo, kipindi cha televisheni ambacho Taifa la Cherokee, mojawapo ya makabila yale matatu, limekitayarisha lenyewe tangu 2015, ni kwamba mzee haharakishwi. Anasimulia maisha yake kwa mwendo wake, na vipande vya kufundishia lugha vimo humohumo. Mwaka 2019 Taifa hilo lilifungua pia ofisi yake ya filamu huko Oklahoma, yenye orodha ya waigizaji, mafundi na washauri Wenyeji. Kwangu mimi washauri ndio muhimu kuliko wote, maana ndio wanaomsimamisha mwigizaji aliyesema chumvi akikusudia maji.

Wanafunzi wangu huwa nawaonyesha pia Wes Studi, mwigizaji Mcherokee aliyekulia kijijini Oklahoma katika nyumba ya Kicherokee, akiwa jukwaani kwenye tuzo za Oscar, Machi 2018. Alizungumza kwa Kiingereza kuhusu askari wastaafu, kisha akamalizia kwa lugha ya nyumbani kwao. Ni sentensi chache tu. Huwa nazirudisha nyuma mara tatu, nne, mpaka darasa zima liache kumtazama midomo na kuanza kusikia sauti inapopanda na inaposhuka.