Je, wajua kwa nini kesi za maduka ya mgao India hugeuka ubishi wa saini?

India ina maduka ya mgao zaidi ya 500,000. Kwa sheria ya chakula ya mwaka 2013, familia nyingi zenye kadi hupata kilo 5 za nafaka kwa kila mtu kwa mwezi, na tangu Januari 2023 hawalipi kitu. Nafaka ni ya serikali, ila anayeipima kwa kawaida ni mwenyeji wa pale pale kijijini aliyepewa kibali, naye hula kamisheni kwa uzito anaougawa. Kibali kikifutwa, mkate wake umekatika, na hapo ndipo vita vya kalamu vinapoanza.

Mara nyingi huwa hivi. Barua inamfikia ofisa wa wilaya: mwenye duka anapunja mizani, au mwezi uliopita hakufungua kabisa. Chini yake pana safu ya majina na saini, nyingine ni dole gumba tu. Ofisa anasimamisha kibali. Mwenye duka naye halali usingizi. Baada ya siku chache analeta hati za kiapo, na walioapa ni baadhi ya wale wale walioandikwa kwenye barua. Wanasema mgao wanaupata vizuri, na ile saini ya kwanza si yao.

Sasa "si yangu" hiyo ina sura tatu. Huenda kweli kuna mtu aliyewaandikia. Huenda walisaini karatasi tupu, wakiambiwa ni ya kuongeza jina la mtoto kwenye kadi, maneno yakajazwa baadaye. Au walisaini kwa akili zao timamu, kisha wakakumbuka kwamba mwezi ujao watapanga foleni mbele ya mtu yule yule, kwenye mizani ile ile. Mimi naona sura hii ya tatu ndiyo tunayoisahau sana tulio mbali na foleni hizo.

Mtaalamu wa mwandiko hujibu ile ya kwanza tu. Anatazama mwendo wa kalamu: mkono wa mwenye saini hukimbia, wa mghushi hukokota, mstari ukatetemeka, kalamu ikainuliwa katikati ya herufi bila sababu. Saini mbili zinazolingana mno nazo humtia shaka, maana hakuna mtu anayesaini sawasawa mara mbili. Pengine moja imefuatishwa juu ya nyingine. Anataka karatasi yenyewe, si fotokopi, kwa kuwa fotokopi haionyeshi kalamu ilivyokandamizwa. Anataka pia saini za zamani zisizo na ubishi. Mkulima anayeshika kalamu mara mbili kwa mwaka atazitoa wapi?

Hakimu anaweza kuzilinganisha kwa macho yake mwenyewe. Sheria ya Ushahidi ya 1872 ilimruhusu katika kifungu cha 73, na sheria iliyoirithi, iliyoanza kutumika Julai 1, 2024, haikuiondoa ruhusa hiyo. Lakini Mahakama ya Juu ya India imeonya tangu miaka ya 1970 kwamba hakimu asijigeuze mtaalamu wa mwandiko. Tena, kesi hizi zikipanda hadi Mahakama Kuu ya jimbo kwa Ibara ya 226 ya Katiba, inayoiruhusu kukagua maamuzi ya maofisa wa serikali, kwa kawaida mashahidi hawapandi kizimbani. Majaji husoma majalada. Kwa hiyo swali la saini ni ya nani mara nyingi huachwa kando, na linaloulizwa ni jingine: mwenye duka alipewa nakala ya malalamiko? Alipewa nafasi ya kuwahoji waliomlalamikia? Kama hapana, jalada hurudi kwa ofisa, na kijiji kinaanza upya.

Ubishi wenyewe si wa leo. Mwaka 1858, huko Bengal, ofisa Mwingereza William Herschel alimpaka wino mzabuni aitwaye Konai na kumpigisha kiganja nyuma ya mkataba wa vifaa vya barabara, ili kesho asije akaikana saini yake. Alama za vidole zilianza safari yao ya kiserikali hapo.

Siku hizi daftari la mwenye duka, lililokuwa likijazwa hata dole za marehemu, limepisha mashine inayosoma kidole cha mwenye kadi. Kidole hicho si rahisi kukikana. Ila mashine inarekodi kwamba ulifika ukabonyeza; kama uliondoka na kilo 5 au 4, hilo bado ni neno lako na la mwenye mizani.